Bi Mdogo wa Juzuu Mbili

11 Januari

Kwako mke mwenzangu,

Salamu nyingi. Sisi hatujambo. Mama yako ameng'olewa jino, uso umevimba upande mmoja, lakini mdomo unafanya kazi kama kawaida. Jana amenisema kweli kwa ajili ya ule mlango wa uani usiofungika. Mjomba wako bado anapaka rangi sebule yake. Anapaka, anaikataa, anapaka upya, na mkewe ameshaacha kutoa maoni. Cherehani yangu imerudi kwa fundi. Inashona, ila inapiga kelele kama ina kinyongo na mimi.

Sasa tuje kwenye lako.

Mke wa mjomba wako aliporudi kutoka huko alinishushia mzigo, akasema unatoka kwako. Moyo ukafurahi. Nikasema mjukuu wangu kanikumbuka, labda vitenge, labda viatu, nikaikata kamba mwenyewe kwa mkasi wangu mzuri. Kumbe kitabu! Jalada jeusi, kizito kama tofali, na juu kimeandikwa jina la babu yako. Juzuu ya kwanza, A mpaka L. Babu yako akanieleza kwamba ni kamusi ya kusimulia kila neno la Kiingereza lilizaliwa wapi, wazazi wake akina nani, limehamahama vipi mpaka likafika lilipo. Nikamwambia kwa hiyo ni kitabu cha umbea. Hakucheka.

Tangu siku hiyo sina mume. Akiamka, kitabu. Akimaliza chai, kitabu. Anaingia chumba cha nyuma na huyo bi mdogo uliyemletea na mlango anaufunga kwa ndani. Mlango, mjukuu wangu! Nyumba hii tumeishi tangu mama yako hajazaliwa na sijawahi kumwona akifunga mlango wa chumba mchana.

Wewe hukumwona babu yako enzi za kazi. Alikuwa mkalimani wa mahakama. Asubuhi mpaka jioni anabeba maneno ya watu: la mshtakiwa analipeleka kwa hakimu, la hakimu analirudisha kwa mshtakiwa. Akifika nyumbani ameisha. Namuuliza habari za kazi, nzuri. Namuuliza chakula vipi, kizuri. Nikajiambia ngoja astaafu, maneno yatakayobaki yatakuwa yangu. Amestaafu, nimengoja, na kweli maneno yamerudi, tena mengi. Ila anayatia kwenye bahasha na kukutumia wewe.

Juzi wakati tunakula alinifundisha kwamba "lady", lile neno lao la bibi mwenye heshima zake, zamani lilikuwa na maana ya mwanamke anayekanda mkate. Nikamwambia basi leo mkandaji amechoka, kaoshe vyombo. Akaviosha. Halafu akaenda kukuandikia wewe kwamba ameosha vyombo kwa sababu ya "lady". Usibishe, nilimwona anavyoandika huku anatabasamu.

Nasikia iko juzuu ya pili, M mpaka Z. Ikae hukohuko. Wake wenza wawili wananitosha, yaani wewe na huyo aliyejifungia naye.

Mimi,
mke mkubwa


2 Februari

Bibi yangu, mke mkubwa usiye na mpinzani,

Shikamoo. Barua yako imenikuta nimekaa juu ya ngazi ya maktaba nikipanga vitabu, nikaisomea hukohuko juu, nikacheka mpaka wanafunzi wakaniangalia. Pole kwa mama na jino lake. Mwambie mjomba aache ukuta ukauke kwanza ndipo auchukie.

Mimi mzima. Kazi ni zilezile: kubandika namba migongoni mwa vitabu, kunyamazisha watu, kupangusa vumbi ambalo mkuu wa maktaba analipigia chafya tangu asubuhi. Kamusi ile sikuiiba, Bibi. Chuo kimenunua toleo jipya, la zamani likawekwa karibu na mlango wa nyuma lichukuliwe na gari la taka. Nikamwomba mkuu, akasema chukua, ilimradi litoke. Nilipoibeba nilimwona Babu palepale. Maisha yake yote amevusha maneno ya Kiingereza upande huu na hajapata kuyauliza yalikotoka.

Usinionee wivu. Wewe una mtu, mimi nina bahasha. Nikiiona imekuja, chai naiacha ipoe. Hapa hakuna mwingine anayeniandikia kama yeye, na jioni nikirudi chumbani naisoma tena. Hata hivyo, za siku hizi zimekuwa fupi, na mwandiko wake umekuwa mkubwa, mistari inapanda mlima.

Juzuu ya pili ninayo chumbani, nimeiweka mezani na taa yangu imesimama juu yake. Msafiri bado sijampata, kwa hiyo lala usingizi. Ila nilikutafutia humo neno letu sisi wawili. "Rival", yaani mpinzani. Kamusi inasema limetoka Kilatini, na mwanzo kabisa lilikuwa la watu wanaochota maji kwenye kijito kimoja. Basi nikasema ndio sisi hao.

Jambo moja, Bibi, na usicheke. Taa ya chumba cha nyuma ni hafifu sana. Wekeni kubwa zaidi. Na kile kistuli kilichokaa njiani kiondolewe.

Mjukuu wako,
mchota maji


25 Februari

Mchota maji mwenzangu,

Salamu zimefika na sisi wazima. Uso wa mama yako umeshuka. Mjomba wako amerudia rangi ya kwanza, ile aliyosema inamtia kichefuchefu. Mimi nimepata kazi ya sare za shule, zimejaa sebule nzima, tunapita upandeupande.

La kijito nimelikubali. Ila kumbuka mimi ndiye ninayekaa ukingoni, wewe unakuja na ndoo kutoka mbali.

Taa kubwa ya nini? Ili amwone bi mdogo vizuri? Sibadilishi. Na kistuli kimekaa hapo tangu mama yako anatambaa, hakijawahi kumkosea mtu. Ni kweli juzi babu yako alikipiga teke, na siku hiyohiyo akaimimina chai pembeni ya kikombe, nikafuta meza nzima. Ndiyo ujue akili yake haipo kwetu, iko kwenye kitabu.

Halafu nieleze hili. Barua zako siku hizi hazisomewi hapa nyumbani. Zikifika anazitia mfukoni bila kufungua, anavaa kofia, huyo kwa kinyozi. Kinyozi wa nini na mtu hana unywele hata wa dawa? Anakaa huko, anarudi anatabasamu, bahasha imefunguliwa. Sasa mnaandikiana nini nyie wawili ambacho kinyozi anaweza kukijua na mimi nisikijue? Nimemuuliza, amesema kwa kinyozi kuna kiti kizuri. Nimeimeza, lakini haijashuka.

Basi nami nimempatia dawa. Anaweka alama kitabuni kwa kipande cha kitambaa cha bluu, alikiokota kwenye kapu langu la vipande bila hata kuomba. Kila jioni akienda kuoga mimi naingia, nakitoa pale kilipo na kukirudisha nyuma. Nilianza na kurasa chache, moyo unanidunda kama mwizi. Sasa narudisha ninavyotaka. Alikuwa anaimaliza H, leo yuko C, na hana habari! Dawa inafanya kazi, maana maneno yameanza kujirudia. Wiki hii nimeelezwa tena na tena habari za "companion", kwamba ni mtu mnayekula naye mkate. Namwacha aeleze, naitikia kama ndiyo kwanza nasikia. Kwa mwendo huu L ataiona mwakani, na hiyo juzuu yako ya pili iendelee kubeba taa.

Nitakuambia ukweli ambao mama yako simwambii. Roho inaniuma. Si kitabu. Ni kwamba akikifungua uso wake unakuwa kama wa zamani, alipokuwa anakuja kwetu kumsalimu baba na macho yote yako kwangu. Nilidhani uso ule umekwisha. Kumbe ulikuwepo, ulikuwa unangoja karatasi.

Mimi,
wa ukingoni


20 Machi

Bibi yangu,

Shikamoo. Natumaini sare zimepungua na mnapita vizuri. Mimi mzima. Mkuu wa maktaba yuko likizo, chafya zimehamia kwangu.

La kinyozi usiliweke moyoni. Babu anapenda soga za pale.

Nilipofika kwenye kile kitambaa nilianza kucheka, nikashindwa. Bibi, nakuomba ukirudishe mahali pake na usikiguse tena. Usiniulize sababu. Nakuomba tu.

Msafiri bado hajapatikana. Taa mmebadilisha?

Mjukuu wako


4 Aprili

Wewe,

Leo hakuna salamu. Anayetaka salamu akaziombe kwa kinyozi.

Uliniambia nisikiguse kitambaa. Mtu akiniambia nisiguse kitu bila sababu, mimi mikono inawasha, unanijua. Nikasema huyu na babu yake wamekula njama, hebu niwaoneshe. Jumatatu babu yako alipokwenda kuoga sikurudisha alama. Nilikigeuza kitabu kizima, juu chini, nikakiweka mezani vilevile. Nikasema leo atapiga kelele, atajua kuna mtu mwenye mkono ndani ya nyumba hii.

Akatoka kuoga, akaenda kukaa. Mlango hafungi tena siku hizi, kwa hiyo nilisimama hapo na sare mkononi. Akapapasa kitambaa, akafungua. Akainama. Akakaa muda wa mtu anayesoma, akageuza ukurasa. Akainama tena. Akatabasamu. Herufi zote zimesimama kwa vichwa vyao, mjukuu wangu, na babu yako anatabasamu na kugeuza ukurasa.

Nilikalia kile kistuli.

Nilimuuliza palepale, na kwa kuwa mahakama ilimzoesha kutosema uongo akiulizwa moja kwa moja, akasema. Ni presha ya macho. Amekwenda kwa daktari siku aliyoniaga kwamba anafuatilia mafao. Daktari alimwambia kilichopotea hakirudi, na kilichobaki kinakwenda. Nuru anaiona, na mtu akisimama dirishani anamwona kama kivuli. Kuandika anaandika kwa mazoea ya mkono. Kusoma, hapana, tangu zamani kidogo. Akavuta mtoto wa meza, akanionesha kile kioo cha mkono cha kukuzia herufi. Ndicho alichokuwa anajifungia nacho. Nikamuuliza kimetoka wapi.

Kimetoka kwako. Kwa anwani ya kinyozi!

Kwa hiyo wewe unajua. Kinyozi anajua, tena ndiye anayemsomea barua zako, na labda wateja wake wenye povu kidevuni nao wanajua. Mimi ninayemfulia mashati, ninayelala kando yake, ninayejua anavyokohoa akitaka kudanganya, mimi ndiye sijui. Nilidhani mmenichezea shere kwa ajili ya kitabu. Kumbe mmegawana mume wangu na mimi mmeniachia chai ya kufuta mezani.

Angekuambia wewe baada yangu, ningevumilia. Alikuambia wewe kabla yangu. Sasa niambie kwa nini, na usinipige chenga.

Bibi


23 Aprili

Bibi yangu,

Shikamoo, hata kama huitikii.

Aliniapisha. Ilikuwa kabla ya kamusi. Aliandika kwamba magazeti yanamshinda na nimtafutie kioo, na kisipitie nyumbani. Nilimuuliza swali hilohilo lako, kwa nini mimi na si wewe, na nikamwambia kwamba hainipendezi. Jibu lake ninalo hapa, nakunakilia lilivyo:

"Bibi yako akijua atanihurumia. Kununiwa nimezoea, kuhurumiwa sitaweza."

Kamusi niliituma nikidhani kwa kile kioo ataifaidi mwaka mzima. Haikufika hata miezi mitatu. Mwezi wa pili aliniandikia kwamba herufi zimekwisha kabisa, hata na kioo, na nisihangaike na juzuu ya pili. Ndiyo maana tangu hapo msafiri alikuwa hapatikani. Nilimwambia basi aache kukaa na kitabu, akuambie, mambo yaishe. Na hapa ndipo sikujua nikueleze au nisikueleze. Sasa naona bora ujue. Aliandika hivi:

"Siwezi kukiacha sasa. Bibi yako ameanza kunionea wivu, uzeeni huku. Anapita mlangoni anakanyaga kwa nguvu. Nikikifunga kitabu ataacha."

Ndiyo yote, Bibi. Alikuwa anafungua kitabu asichokiona ili akusikie unavyokanyaga. Na kitambaa alikijua kinarudi nyuma, maana alikuwa anahesabu unene wa kurasa kwa vidole. Alifurahi sana. Barua hiyo ndiyo niliyokuwa nayo mkononi nilipokuomba usikiguse. Nilikuomba kwa ajili yangu mwenyewe, kwa sababu niliona mko wawili mnacheza mchezo ambao mimi simo.

Nina likizo mwezi wa sita. Nitakuja na juzuu ya pili niwe namsomea. Kiingereza changu ni yeye aliyenifundisha, matamshi yangu anayapenda. Nikubalie.

Mjukuu wako


15 Mei

Mjukuu wangu,

Salamu sana. Barua yako ilikaa juu ya kabati, sikuifungua. Nilikuwa nimenuna. Mama yako ndiye aliyesema kama huisomi naisoma mimi, nikaona hapana, kinyozi mmoja anatosha.

Nimeisoma. Nimeisoma nikiwa jikoni, na kilichoungua kimeungua.

Mzee mjinga! Namsindikiza kwa daktari sasa, namshika mkono barabarani na yeye anajifanya ndiye ananishika mimi. Daktari anasema dawa ya matone itazuia maumivu, basi. Taa nimeweka kubwa, anaona mwanga wake, anasema chumba kimechangamka. Kistuli nimekitoa. Simhurumii, nimejitahidi. Jana alivaa shati ndani nje nikamsema kama zamani, akafurahi.

Kinyozi nimekwenda kumwona. Nilimwambia kuanzia leo barua za mjukuu wetu zinasomwa kwangu, wewe baki na wembe wako. Akasema sawa mama, na akaniuliza kama ni kweli mjomba wako amerudia ile rangi. Kumbe hata hiyo uliandika.

Sasa sikiliza. Ile juzuu ya pili ilete. Usije nayo, itume. Weka kwenye gari la mizigo, mjomba wako ataipokea.

Nitamsomea mimi. Kiingereza sijui, lakini herufi ni zilezile, na sauti ninayo. Nimeshaanza na ya kwanza. Natamka kila herufi niliyoiona, siruki kitu. Nikifika kwenye neno lao la kisu, "knife", natamka na ile K yake ya mbele ambayo wao wanaiandika halafu wanaionea haya. Yeye anasikiliza, anaunganisha, anapata neno, halafu ananieleza mimi. Mimi, si karatasi. Jana tulikaa hivyo mpaka chai ikapoa.

Likizo yako itunze kwa jambo jingine.

Bibi yako


8 Juni

Bibi yangu,

Shikamoo, na shikamoo yake Babu. Natumaini matone hayamchomi. Mama ameniandikia kwamba mlango wa uani sasa unafungika, hongereni.

Kitabu kimeondoka jana kwa gari la mizigo. Nimekifunga kwa gazeti, juu gunia, juu kamba, na nimeandika jina lako, si la Babu. Taa yangu imeshuka chini, sasa inamulika kifua badala ya karatasi. Nimejaribu kuiwekea matofali, si sawa.

Nina wivu, Bibi. Niseme tu, maana wewe ulisema lako. Tangu mwezi wa nne sijapata bahasha yenye mwandiko wake. Natazama kisanduku cha barua kila siku nikipita, na mlinzi wa lango ameshaacha kunitania. Nimesoma Kiingereza tangu niko mdogo kwa sababu yeye alikuwa ananiangalia nikisoma. Nimekwenda chuo kwa sababu hiyo, nimekaa na vumbi hili kwa sababu hiyo. Na sasa anayemsomea ni mtu anayetamka K ya kisu, na yeye anafurahi kuliko alivyowahi kufurahi kwangu. Mama anasema anacheka mpaka majirani wanauliza.

Nilitaka nije. Nilitaka uniambie njoo. Sikukucheleweshea kitabu hiki kwa ubaya, lakini nikuambie kwamba nilipokuwa nafunga ile kamba mikono ilikuwa mizito, na gari la kwanza nililiacha lipite.

Umsomee vizuri. Kwenye "muscle" msimamishe, aseme mwenyewe. Asili yake ni panya mdogo, kwa sababu ya namna mkono unavyotuna ukiukunja. Nilikuwa nimelitunza hilo nimwambie mimi.

Mjukuu wako


30 Julai

Mke mwenzangu,

Salamu kutoka kwa mumeo na mkewe mwenyewe. Sisi wazima. Mama yako sasa anaumwa jino la upande wa pili. Mjomba wako alileta kitabu na rangi mpya kwenye viatu, sikuuliza.

Nimechelewa kukujibu kwa sababu barua yako nilimsomea yeye kwanza, yote, hata ulipomalizia. Halafu akaniomba niisome tena kuanzia pale penye taa. Akasema mwambie matofali hayafai, apate kipande cha mbao. Nikamwambia hilo ndilo unalolisikia? Akasema hapana, lakini ndilo ninaloweza kumtengenezea. Amemwelekeza fundi seremala kwa mdomo na vidole, kipande kinakuja na barua hii. Kina urefu na unene wa juzuu ya pili, ameipima mwenyewe kwa kiganja. Upande wa chini ameandika jina lako kwa mkono wake. Mstari umepanda mlima.

Kwa "panya" nilimsimamisha kama ulivyosema. Akakunja mkono akanionesha, hapajatuna kitu, tukacheka. Nikamwambia hili ni la mjukuu wako, alilitunza. Akasema najua.

Neno la dirisha, "window", lilitushika siku nzima. Ameniambia lilikuja na watu wa kaskazini waliokuwa wakiliita jicho la upepo. Akaniomba nilifungue lile la chumba cha nyuma, ambalo hatukuwa tumelifungua tangu mvua, na nikamaliza kushona nimekaa humohumo, upepo unapeperusha vitambaa vyangu vyote na sikusema kitu.

Sasa jambo la ndani. Tulianza M, tukaenda, maana sauti yangu haina breki. Siku moja nikakitazama kitabu upande, nikaona kurasa zilizobaki ni chache kuliko tulizosoma. Nikajiuliza, tukifika Z je? Haiko juzuu ya tatu, nimemuuliza. Atarudi kuniambia nzuri na kizuri?

Basi jioni hiyo alipokwenda kuoga, nikaingia, nikakitoa kitambaa, nikakirudisha nyuma.

Nafanya hivyo kila siku. Jana nimemsomea neno la dirisha tena, kama ndiyo kwanza nimeliona. Akanieleza mwanzo mpaka mwisho, watu wa kaskazini, jicho, upepo, hakuruka kitu. Nami nikauliza nilichouliza mara ile. Alipomaliza akanyoosha mkono, akakishika kitabu, akapitisha vidole kwenye kurasa za huku na za huku, akakivuta kile kitambaa kidogo, akakiacha.

Akasema, "Tunakwenda polepole. Vizuri."

Nimekaa na barua yako wiki hizi zote na nimeona nilikuonea. Njoo. Chumba cha mama yako nimekisafisha, na sare zimekwisha. Asubuhi yote ni yako, msomee magazeti, msomee chochote kwa hayo matamshi yake anayoyapenda, fungeni na mlango mkitaka. Nitapita nje nikikanyaga kwa nguvu, asije akadhani nimeacha.

Ila kile kitambaa usikiguse.

Mimi,
mke mkubwa